Ba Hakuwemo Katika Mapatano

Mliponiacha wiki jana nilikuwa nimesimama kwenye lango la shule, begi la binti yangu Diya mkononi, na Diya mwenyewe hayupo. Najua kuna waliokasirika kwamba niliikata hadithi pale. Mimi pia nilikatika pale pale.

Anayenisoma leo kwa mara ya kwanza, nampa kwa ufupi. Naitwa Rupal. Nimezaliwa Kisumu, na mama yangu alizaliwa Kisumu. Paras, mume wangu, ni mtu wa hapa pia; watu wao wameuza nyavu na kamba za kuvulia tangu enzi za babu yake. Harusi tu ndiyo tuliyofanyia Jamnagar, India, kwa sababu nyanya yake Paras alikuwa hawezi tena kusafiri na alitaka kutuona kwa macho yake tukiuzunguka moto wa ndoa. Tuliuzunguka. Akalia kwa furaha.

Paras hajawahi kuninyoshea mkono. Halewi. Halali nje. Kosa lake ni kwamba hasemi nami.

Mtoto wetu wa pili, mvulana, alizaliwa kabla ya wakati wake na hakumaliza wiki mbili duniani. Tulipotoka kumzika, Paras aliufunga mdomo. Na wateja anaongea. Na Diya anaongea, hata anacheka. Mimi napewa neno moja moja: "Funguo." "Chai." "Sawa." Hivyo kwa miaka minne, chini ya paa moja, vyumba viwili.

Watu waliniuliza: hakupigi, hana mwanamke mwingine, wewe unataka nini? Ningewaambia nini, kwamba nataka kuulizwa nimeamkaje?

Ndipo tukaenda kwa wakili Wakhungu, mama mmoja mkavu ambaye hapambi maneno.

"Hii ni talaka ya kukubaliana," alituambia. "Hakuna mshtaki, hakuna mshtakiwa. Lakini kwa ile sheria ya Kihindu ya huko mlikofungia ndoa, mtakubali mara mbili. Mara ya kwanza, halafu mnaachwa miezi sita mfikirie, halafu mnaulizwa tena. Hapo katikati mmoja wenu akigeuka, imeisha. Hakuna talaka."

Mara ya kwanza tulipanda ndege hadi Jamnagar, tukakubali. Mara ya pili tungeulizwa kwa video, tukiwa ofisini kwa Wakhungu. Mapatano yalikuwa mafupi: Diya akae nami kwenye nyumba niliyopanga Milimani, Paras amchukue Jumamosi na Jumapili, ghorofa iliyo juu ya duka ibaki yake.

Kikao kilikuwa Alhamisi asubuhi. Mtoto alipotea Jumatano saa sita mchana.

Pale langoni, mwalimu wa zamu aliniambia tu kwamba Diya amechukuliwa na "watu wa nyumbani." Watu wa nyumbani! Mimi nikajua ni nani. Nani mwingine angetaka kunitikisa siku moja kabla ya kikao?

Niliendesha hadi dukani kama mtu aliyeibiwa. Paras alikuwa anawapimia kamba wavuvi wawili. Sikungoja wamalize.

"Mtoto yuko wapi?"

Aliinua macho. Hakusema kitu, kama kawaida yake.

"Leo utaongea, Paras! Mbele ya hawa wazee utaongea! Umempeleka wapi mtoto wangu?"

Kamba ikamponyoka. "Mtoto gani? Diya hayuko shule?"

Nilihesabu maneno bila kutaka. Yalikuwa mengi kuliko niliyopewa mwezi mzima. Na uso wake ulikuwa umepauka. Mtu hawezi kuigiza uso ule.

Mmoja wa wavuvi akasema taratibu, "Pigieni shule simu, bwana. Msigombane kwanza."

Safari hii nilimpata mwalimu wa darasa mwenyewe.

"Ni nyanya yake, Mama Diya," alisema. "Alikuja na kapu. Nilidhani unajua. Mtoto mwenyewe alikuwa anarukaruka, ati wanaenda kupanda feri."

Nyanya yake. Ba.

Ba ni "mama" kwa Kigujarati. Ndivyo tunavyomwita mama yake Paras nyumba nzima, na ndivyo wanavyomwita hata wanaotuletea mboga kutoka soko la Kibuye. Asubuhi ile alikuwa ameniambia anaenda hekaluni. Nilimpigia. Simu yake ilikuwa imezimwa.

"Feri," Paras alisema. Alikuwa tayari anavuta shata la duka chini. "Ni Luanda Kotieno. Ana rafiki yake huko tangu siku za Baba, yule Benta wa samaki. Wakivuka kwenda Mbita hatutawapata leo."

"Na tusipowapata leo?"

"Kesho hakuna kikao. Nani atakubali kugawana mtoto ambaye hayuko?"

Tuliingia kwenye pikapu ya duka. Barabara nzima nilikuwa nasema peke yangu. Nilimwita Ba majina ambayo sitayaandika gazetini. Miaka yote nimempikia, nimemkanda magoti, nimempeleka kliniki. Halafu siku moja tu kabla ya mimi kupumua, ananiibia mtoto ili nirudi kuishi na ukuta!

"Si wewe umemtuma?" nilimuuliza Paras tulipoipita Bondo.

"Mimi?"

"Wewe. Ili usikubali kesho bila kusema hukubali."

Alikaza mikono kwenye usukani. "Nikitaka kukataa nitakataa. Mdomo ninao."

"Tangu lini?"

Akaongeza mwendo.

Tulipofika Luanda Kotieno feri ilikuwa imeshusha ulimi wake ufukweni na magari yalikuwa yanapanda. Niliruka kabla pikapu haijasimama vizuri. Mwanamke mnene mwenye leso ya maua alinishika mkono karibu na meza ya samaki wa kukaanga.

"Mama Diya? Mimi Benta. Usipige kelele, nyathina, mwanangu. Mtoto hana shida. Amekula mahindi, amekunywa soda. Wako hapo juu." Alielekeza kidole kwenye feri. "Nimemwambia huyo mama arudi nyumbani, amekataa. Amesema anangoja nyinyi."

"Anatungoja?"

"Ndio. Feri ya kwanza ameacha iende."

Niliwaona. Ba alikuwa ameketi kwenye benchi la feri, kapu miguuni, sari yake ya kijani ameifunga kama mtu wa safari. Diya alikuwa amejiegemeza kwake anahesabu ndege wa majini. Aliponiona alipunga mkono kwa furaha kabisa.

"Mama! Umekuja! Ba alisema mtakuja!"

Nilimnyakua. Nilimnusa nywele. Halafu nikamgeukia mama mkwe wangu.

"Ba, umefanya nini? Umetaka niokotwe nimekufa barabarani?"

Paras alikuwa amefika nyuma yangu anahema. "Ba, shuka. Twende nyumbani."

"Sishuki."

"Ba!"

"Nimesema sishuki, Paras. Kwanza mnijibu." Alisema kwa Kiswahili, kwa sauti, na watu wa feri wakaanza kutukodolea macho. "Nimesikia mapatano yenu. Nyumba ya juu ya duka ni ya nani?"

"Yangu," alisema Paras.

"Diya ni wa nani?"

"Anakaa nami," nikasema. "Wikendi anakaa na baba yake."

"Gari la nani? Cherehani ya nani? Hata vyombo vya jikoni vimegawanywa, nimesikia. Sasa mimi. Mimi nani alinigawa?"

Kwa sababu niliwaambia tangu mwanzo wa hadithi hii kwamba sitawaficha kitu, leo nawaambia: katika miezi ile yote, vikao vyote, simu zote, sikuwahi kujiuliza Ba atakuwa wapi. Nilimchukua kama ukuta wa ile nyumba. Ukihama huendi na ukuta.

"Utakaa na mimi, Ba," Paras alisema. "Unakaa na mwanao. Kuna swali gani hapo?"

Ba alimtazama. Hakuwa na hasira. Ingekuwa afadhali angekuwa na hasira.

"Nikae na wewe tufanye nini, mwanangu? Tuangaliane? Baba yako hakusema. Usiku na mchana, mpaka akafa, nilikuwa naongea na masufuria. Ukazaliwa wewe, nawe ukakua hivyo hivyo. Alipokuja huyu," akanishika kidole kimoja, "ndipo nikapata mtu wa kunijibu. Sasa mnaachana, sawa, achaneni. Mimi sikuja hapa kuwazuia. Lakini mimi pia nataka kutoka kwenye ile nyumba."

Sikuwa nimejiandaa kwa hilo. Nilikuwa nimekuja kupigana na mwizi wa mtoto, nikamkuta mtu anayekimbia kile kile ninachokimbia mimi.

Honi ya feri ililia. Kijana wa tiketi alitujia mbio.

"Mama, amua! Unashuka ama unaenda? Tunafunga!"

"Muulize huyu," Ba alisema, akininyoshea kidevu.

Paras alinitazama. Macho yake yalikuwa yanasema: usithubutu.

Nikathubutu.

"Shuka, Ba. Utakaa na mimi na Diya, Milimani. Mbele ya hawa watu wote nimesema."

Ba aliinuka, akanipa kapu lake nilibebe, akashuka. Benta alipiga vigelegele pale chini. Alidhani tumepatana.

Paras ndiye aliyetembea wa mwisho, kichwa chini, kama mtu aliyetoka mazishini.

Tulianza safari ya kurudi. Ba na Diya walisinzia kiti cha nyuma. Mimi nilitazama dirishani. Kichwani nilikuwa nasogeza vitanda: Diya na Ba chumba kimoja, mimi kile kidogo. Ingewezekana.

Tulipofika Kisian Paras alisimamisha gari kando ya barabara. Nilidhani anataka kununua maji. Hakushuka. Alizima injini, akaweka mikono yote miwili kwenye magoti.

"Siku ile uliponiita," alisema, "nilikuwa macho."

"Siku gani?"

"Asubuhi ile ya mtoto. Uliniita ukiwa bafuni. Nilisikia. Nikasema moyoni, ni maumivu ya kawaida, ataita tena. Nikageukia upande wa pili. Ulipoita tena ulikuwa umeanguka."

Niligeuka kumtazama.

"Daktari alisema kama tungewahi kwa saa moja mtoto angepona," aliendelea. "Alisema hivyo, wewe ukiwa bado umelala. Saa moja, Rupal. Mimi nilikuwa na hiyo saa moja. Kila nikikutazama naiona. Nikifungua mdomo nataka kuisema, halafu naufunga. Mwishowe nikawa siwezi kusema hata mambo mengine."

Gari za Busia zilikuwa zinapita, taa zake zinampiga usoni halafu zinamwacha. Alikuwa analia bila sauti. Miaka minne nilidhani ananilaumu mimi, kwa sababu wiki ile nilikuwa nimebeba marobota ya vitambaa kutoka Kibuye nikiwa na tumbo. Nilidhani kimya chake ni hukumu. Kumbe alikuwa anajificha.

"Kwa nini unaniambia leo?" Nilijisikia nikisema kwa hasira. "Kwa nini leo, Paras? Kesho ni kikao!"

"Kwa sababu ya alichosema Ba pale kwenye feri. Kuhusu masufuria."

Nilitaka kumshika mkono. Naapa nilitaka. Mkono wangu ulikuwa umeshatoka mapajani.

Halafu akafuta uso kwa kiganja, akawasha gari, na sauti yake ikabadilika.

"Kesho nitakubali. Nilikupa neno langu na sitakuomba ubaki. Nimekubali kukupoteza wewe, nimekubali kumwona mwanangu kama mgeni, Jumamosi na Jumapili. Lakini Ba haendi."

"Paras, umemsikia mwenyewe..."

"Nimemsikia. Haendi. Nitabaki na nani mle ndani? Na nyavu? Ukisema kesho kwamba Ba anaondoka nawe, mimi nitasema sikubali. Na bila mimi kukubali huna talaka. Chagua."

Mkono wangu ukarudi mapajani.

Alhamisi asubuhi Ba alikuwa wa kwanza kuamka. Nilimkuta sebuleni ameoga, amepaka nywele mafuta, sanduku lake la bati limefungwa na kusimamishwa mlangoni. Juu yake ameweka picha ya Krishna aliyoifunga kwa taulo.

"Tukitoka kwa wakili tutaenda moja kwa moja Milimani," alisema. "Au tutarudi kwanza kunywa chai?"

"Tutaona, Ba."

Sikumwambia. Nilijaribu mara mbili, nikaishia kumrekebishia shali begani.

Ofisi ya Wakhungu iko ghorofa ya pili, juu ya duka la dawa. Ba na Diya walibaki kwenye benchi la nje. Mimi na Paras tuliketi mbele ya skrini, kiti kando ya kiti, kama siku ya harusi. Wakili wetu wa Jamnagar alionekana, kisha jaji, mama wa makamo mwenye miwani. Aliongea Kiingereza polepole, Kigujarati hapa na pale, na Wakhungu aliweka alama kwenye karatasi zake.

"Miezi sita imepita," alisema jaji. "Mmejaribu kupatana?"

Paras alitazama meza. Mimi nilitazama skrini.

"Bi Rupal, nakuuliza kwanza wewe. Unakubali ndoa hii ivunjwe kwa hiari yako? Hujalazimishwa, hujatishwa, hujawekewa sharti lolote nje ya mapatano niliyo nayo hapa?"

Neno "sharti" lilinichoma. Wakhungu alikuwa ametufundisha: sema ndiyo, basi, dakika tano mmemaliza. Nilimwona Ba kupitia kioo cha mlango. Alikuwa anamsuka Diya nywele.

"Mheshimiwa," nilisema, "talaka naikubali. Lakini sharti lipo."

Wakhungu alitoa pumzi puani. Paras hakugeuka.

"Sema."

"Mama yake anataka kuja kuishi nami. Ametamka mwenyewe. Mume wangu amesema nikimchukua, hatakubali talaka. Sitaki kuanza maisha yangu kwa kumfungia mtu mzima mlango."

Jaji alivua miwani. "Bwana Paras, ni kweli?"

"Ni mama yangu," alisema Paras.

"Sikukuuliza ni nani. Nimekuuliza kama ni kweli."

"Ni kweli."

"Basi nisikilizeni wote wawili. Naweza kuamua mtoto alale wapi. Mama huyo si mtoto wala si mali. Hakuna mapatano duniani yanayoweza kumpa mmoja wenu. Atakaa anakotaka, muachane au msiachane. Sasa, Bwana Paras, ukijua hivyo, unakubali ndoa hii ivunjwe?"

Nilisikia feni ya dari. Nilisikia mtu akicheka huko chini barabarani.

Paras alisimama. Kiti kikaanguka nyuma yake. Akatoka bila kufunga mlango.

"Bwana Paras!" Wakhungu aliita. Tulisikia viatu vikishuka ngazi.

Jaji alivaa tena miwani yake. "Naweka faili hili kando. Nitamaliza kesi mbili nilizo nazo, kisha nitawaita tena. Akiwa hayupo kukubali, ombi lenu ninalitupa. Wakili, mwelezee bibi huyo."

"Ameelewa," alisema Wakhungu. Akaniangalia. "Ulitaka kuwa mkweli, mama. Umekuwa."

Ba aliingia akimshika Diya mkono. "Paras amenipita hapo nje hata hakuniona. Kuna nini?"

Nikamwambia. Safari hii sikubakiza kitu: maneno ya Kisian, mtoto, ile saa moja, na lile sharti.

Ba aliketi polepole kwenye kiti cha wageni. Nilidhani atalia kwa ajili ya mjukuu wake. Alisema jambo lingine.

"Ulijua tangu jana? Na asubuhi ukaniona na sanduku?"

"Nilishindwa, Ba."

"Hamna tofauti, wewe na yeye." Hakusema kwa ukali. "Unamwacha kwa sababu hasemi. Na wewe siku moja tu ya jambo gumu, umenyamaza."

Sikupata pa kuyaficha macho yangu.

Diya alikuwa dirishani. "Mama, Baba yuko ndani ya pikapu. Ameinamisha kichwa."

"Anaondoka?"

"Hapana. Amekaa tu."

Nilisimama niende. Wakhungu alinizuia kwa mkono. "Ukishuka na faili likaitwa, mtakosekana wote wawili. Keti."

"Nitume mtu?"

"Usitume mtu," Ba alisema. "Huyo akisukumwa hufunga zaidi. Namjua. Nilimzaa."

Tukangoja. Kwenye skrini wakili wa Jamnagar alikuwa anapekua makaratasi yake kama mtu asiye na habari nasi. Kichwani mwangu mambo yalikuwa yanagongana. Jana asubuhi nilikuwa na hakika na kila kitu. Sasa nilikuwa na mwanamume aliyelia Kisian na mwanamume aliyeniwekea sharti Kisian, na wote walikuwa mtu mmoja, na ni yeye aliyekuwa chini hapo amekaa tu.

Nikajiuliza swali ambalo sikutaka: kama angeyasema yale mwaka jana, ningekuwa nimeketi hapa?

Majina yetu yakaitwa.

"Bi Rupal," alisema jaji. "Naona kiti kitupu. Mumeo amerudi?"

"Mheshimiwa, naomba dakika..."

"Sina dakika, mama. Nina watu wananingoja."

Alikuwa ameshashika kalamu. Hapo ndipo kwenye kona ya skrini kisanduku cheusi kilipofunguka, kikatetemeka, kikawa uso. Ulikuwa uso wa Paras, karibu mno na simu, usukani wa pikapu ukionekana nyuma ya sikio lake. Alikuwa ameingia kwenye kikao kwa kiungo kile kile tulichotumiwa wote.

"Mheshimiwa, niko hapa. Nisamehe kwa kutoka vile."

Ba alinishika kifundo cha mkono.

"Unasikika," jaji alisema. "Unakubali au hukubali?"

"Ba aende anakotaka. Hilo nimeliacha. Lakini kabla sijajibu, naomba kumuuliza Rupal jambo moja. Sijamuuliza kitu kwa miaka minne."

Jaji alitazama saa yake, akamtazama Wakhungu, akatutazama sisi. Kalamu akaiweka chini.

"Muulize. Kwa ufupi."

Paras alivuta pumzi. Nilimwona akifungua mdomo, akaufunga, akaufungua tena, na kwa mara ya kwanza nikaona jinsi jambo hilo linavyomgharimu.

"Rupal," alisema. "Kama bado unataka talaka, sema, nami nitakubali sasa hivi, bila sharti, na nitakusaidia kubeba sanduku la Ba. Kama kuna hata kidogo ndani yako ambacho hakitaki, niambie nizipande hizo ngazi. Nizipande?"

Ofisi nzima ilinigeukia. Wakhungu. Diya. Wakili wa Jamnagar, ambaye sasa ameacha karatasi zake. Ba alikuwa ameniachia mkono, ametazama pembeni, kama mtu asiyetaka kuonekana ananielekeza.

Nilikuwa nimepewa kila nilichokuja kukitafuta. Nilihitaji neno moja tu.

"Bi Rupal," alisema jaji, "umeulizwa. Mjibu mumeo."

Nikafungua mdomo, na sauti haikutoka. Jibu langu mtalisoma wiki ijayo.